Kimya cha Sekunde Ishirini na Mbili

Maman Kahambu anavaa chrono shingoni. Wengine wanavaa msalaba, wengine mkufu wa maduka ya Chaussée de Wavre unaobadilika rangi mvua ikinyesha. Yeye anavaa chrono, ile saa ya makocha wa mpira, nyeusi, yenye kamba ya rangi ya chungwa iliyopauka. Ilikuwa ya kaka yake aliyefundisha timu ya vijana kule Butembo, Kongo. Ukikutana naye kwenye ngazi za jengo letu hapa Evere, Bruxelles, utadhani anaenda kupima mbio za watoto. Kumbe anaenda kupima kimya.

Nilikuwa na miaka kumi na mitatu nilipomuuliza mara ya kwanza. Lifti ilikuwa imekufa tena. Yeye anakaa ghorofa ya tano na sisi ya tatu, tukawa tunapanda pamoja tukihema.

“Maman Kahambu, hiyo chrono ni ya nini?”

“Ya kazi.”

“Kazi gani?”

“Niko napima batu banaweza kunyamaza muda gani juu ya mufu.”

Kupima watu wanavyomnyamazia maiti! Nilicheka mpaka nikashika ukuta. Yeye alisimama akaningoja nimalize.

“Cheka tu, Sephora. Kuko batu banalipwa kwa mambo ya kijinga kupita ile.”

Sasa nina miaka kumi na sita, na tangu siku ile nimemuuliza maswali mengi hivi kwamba mama yangu ananiita polisi wa ghorofa ya tatu. Kwa hiyo naweza kueleza vizuri.

Maman Kahambu ni mtafiti wa chuo kikuu. Anachunguza jinsi watu wanavyoomboleza, jinsi mji mzima unavyokumbuka pamoja, na swali moja ambalo mimi sikuwahi kulifikiria: serikali isiyo na dini inafanya nini mtu akifa? Padri ana sala zake, imamu ana sala zake. Bourgmestre, meya wa commune, ana nini? Ana dakika moja ya kimya. Watu wanasimama, wanaangalia viatu, kisha mtu anasema “merci”, asante, na wote wanarudi kazini. Maman Kahambu anasema dakika hiyo ndiyo sala ya serikali, tena sala pekee iliyo nayo, kwa hiyo lazima mtu aichunguze kwa makini. Mtu huyo ni yeye.

Alianza bila kujua kama anaanza. Alifika Bruxelles akiwa na miaka ishirini na sita, na miaka minne ya kwanza alipiga deki ofisini kabla wenye ofisi hawajaamka. Asubuhi moja alichelewa kumaliza, wafanyakazi wakamkuta kwenye korido na ndoo yake. Mwenzao alikuwa amekufa wikendi. Mkubwa akaomba dakika ya kimya. Maman Kahambu naye akasimama, ufagio wa maji mkononi, na kwa kuwa hakumjua marehemu, akahesabu moyoni. Alifika thelathini na tano, mkubwa akasema “merci”, mashine ya kahawa ikaanza kunguruma.

“Nilijiuliza,” aliniambia, “zile ishirini na tano zilibakia, zilienda wapi? Banamuahidi mufu dakika, banamupa nusu. Donc nikaenda kujiandikisha chuo kikuu, nitafute.”

Ndivyo alivyo. Wengine wangesema ah, bon, na kuendelea na deki. Yeye alitafuta sekunde ishirini na tano kwa miaka ishirini, akapata udaktari njiani.

Daftari lake ni la miraba, kama letu la hesabu. Lina safu nne alizochora kwa rula: mahali, aliyekufa, sekunde, na kilichovunja kimya. Aliniruhusu kulisoma jikoni kwake nikiwa nakunywa chai. Kituo cha treni, sekunde arobaini na moja, kikohozi. Uwanja wa mpira, mvua, sekunde kumi na tisa, firimbi. Ukumbi wa commune, sekunde thelathini na nane, simu ya bourgmestre mwenyewe. Kimya kirefu kuliko vyote kilikuwa cha nyumba ya wazee huko Ganshoren: sekunde hamsini na nne.

“Hawa wazee wanajua kuomboleza,” nikasema.

“Hapana. Hawakusikia directeur akisema merci.”

Vimya vyote vilikuwa mia mbili na kumi na viwili. Hakuna hata kimoja kilichofika dakika.

Nataka ijulikane pia kwamba Maman Kahambu hasemi “labda”. Nimemsikiliza miaka mitatu, sijalisikia neno hilo kinywani mwake. Akisema mvua itanyesha, chukua mwavuli. Akisema pondu, yaani kisamvu, ya Maman fulani ina chumvi nyingi, Maman huyo ajisahihishe. Na alikuwa na hakika zaidi kuhusu kijitabu chake kuliko kuhusu mvua.

Kijitabu hicho kina kurasa kumi na moja. Ofisi moja ya elimu ilimwomba aeleze shule za serikali zifanye nini mtu akifa, kwa sababu kila mara kulikuwa na ugomvi: huyu anataka Baba Yetu, yule anataka Fatiha, mwingine anasema mwanangu hatasimama mbele ya msalaba. Mimi naelewa. Shuleni kwetu kila Jumanne darasa linakatika vipande: Wakatoliki chumba hiki, Waislamu kile, Waprotestanti ghorofani, wasiotaka dini karibu na maktaba. Baada ya saa moja tunakutana tena kwenye korido tukiulizana nani kapewa kazi ya nyumbani.

“Njo pale,” alisema Maman Kahambu. “Mukishaachana kwa kusali, mutakutana wapi kwa kulia? Kwa kimya. Kimya hakina Biblia, hakina Korani. Ni ya bote.”

Akaandika hivyo ukurasa wa nne, kwa Kifaransa kizuri: kimya ni cha wote, dakika moja, bila wimbo, bila sala, bila kilio cha sauti. Shule nyingi zilikipokea. Yetu ilikibandika kwenye ofisi ya directrice, mkuu wa shule, karibu na ramani ya kutokea moto ukiwaka.

Kisha Papa Bertin akafa.

Papa Bertin alikuwa concierge wetu, mlinzi wa geti, mtu wa Bukavu, miaka kumi na minne mlangoni pa shule. Funguo zake zilikuwa nyingi kama za gereza. Kengele ilipoharibika hakungoja fundi. Alipiga geti la chuma kwa lile bunda la funguo, na mtaa mzima ulijua ni saa mbili na robo. Waliochelewa aliwafungia nje na kuwahutubia kupitia vyuma. Kwa sisi Wakongo alikuwa na hotuba yetu peke yetu: “Weye! Saa ya Kongo iliachwa Kongo! Huku tulikuja na masanduku tu!” Halafu anafungua. Alifungua kila mara, hata kwa Arnaud, ambaye alichelewa tangu darasa la kwanza la sekondari na sababu yake ilikuwa moja tu: tramu.

Moyo wake ulisimama Jumapili, baada ya misa, akiwa anafunga kamba za viatu. Jumatatu geti lilifunguliwa na mtu tusiyemjua, kimya kimya. Hatukujua hata kama tumeingia.

Matanga yalikuwa kwake, huku huku Evere, nyumba ya vyumba viwili. Viti na meza vilisukumwa chumbani, magodoro yakatandikwa sebuleni, na wanawake walikaa chini wakimzunguka mjane, Maman Priscille. Mama yangu ni mtu wa Bukavu pia, kwa hiyo tulikwenda Jumanne baada ya shule. Tulikuwa hatujamaliza kusalimia, simu ya Maman Priscille ikalia. Ilikuwa shule. Aliiweka kwenye spika ili shemeji zake wasikie.

Madame Cécile, directrice wetu, alizungumza vizuri sana. Alisema shule nzima inahuzunika. Alisema Ijumaa asubuhi, saa ya kufungua geti, wanafunzi wote watasimama pale na picha ya Papa Bertin mezani, ile ambayo Maman Priscille aliwaazima, na watamheshimu kwa dakika moja ya kimya. Madame Priscille na familia wanakaribishwa.

“Kimya,” Maman Priscille akarudia.

“Ndiyo, madame. Kimya kabisa.”

“Hakuna kulia?”

Sauti ya Madame Cécile ikasita. Alisema kila mtu ana huruma moyoni, lakini shule ni ya watu wa dini zote na wasio na dini, na kuna mwongozo. Bila wimbo, bila sala, bila kilio cha sauti.

Maman Priscille alikata simu. Hakukasirika kwanza, alituangalia kama mtu aliyeulizwa kitu kwa lugha ya kigeni.

“Bwana yangu amepiga makelele kwa ile geti miaka kumi na ine. Leo amekufa, banataka kunyamaza?” Ndipo sauti ikapanda. “Kule kwetu mutu akikufa na batu banyamaze, jirani anauliza: alikuwa mulozi? Alikula batoto ya batu? Mutu mubaya njo anazikwaka kimya! Siendi! Na ile foto yake, barudishe. Leo. Bertin hatasimama pale kama mutu hana mwenye kumulilia.”

Shemeji mmoja akasema taratibu, “Priscille, ni desturi ya Bazungu, ni heshima.”

“Heshima ya nani? Alikufa Muzungu?”

Hapo wanawake wakaangua kilio upya, na jirani wa chini akagonga dari kwa ufagio. Mama yangu akagonga sakafu kwa kisigino, kumjibu.

Nilitoka pale nikakimbia nyumbani, lakini si ghorofa ya tatu. Nilipanda mpaka ya tano. Nilimweleza Maman Kahambu yote nikiwa bado mlangoni: kimya, picha, mulozi. Nilifikiri atashtuka. Alichukua koti.

“Atakuwa hajaelewa,” alisema. “Nitamuelezea. Dakika kumi, nimerudi.”

Nilimfuata. Ningewezaje kukosa?

Alipoingia, wanawake walimpisha, maana wote wanamjua, docteur wa kimya. Kulikuwa na kiti kimoja kilichosahauliwa kando ya dirisha. Maman Kahambu akakivuta.

“Keti chini,” Maman Priscille akasema. “Hapa mwenye kiti ni mugeni.”

Maman Kahambu akaangalia kiti, akaangalia godoro, akaketi chini na koti lake. Alianza kueleza. Alieleza vizuri, mimi ningempa alama zote: kwamba shule haina dini ili isimpendelee yeyote, kwamba mwaka juzi wazazi karibu wapigane kwa sababu ya sala moja, kwamba kimya ndicho chumba pekee ambamo wote wanaenea. Maman Priscille alimsikiliza mpaka mwisho huku akikunja na kukunjua kitambaa.

“Ni weye uliandikaka ile kitabu?”

“Ni miye.”

“Bon. Mama yako alikufa?”

“Alikufa. Miaka sita sasa. Butembo.”

“Ulienda?”

“Barabara ilikuwa mbaya, vita. Niliona mazishi kwa simu. Nilikuwa ofisini.”

“Ukalia?”

Maman Kahambu, anayejibu kila swali kabla hujalimaliza, safari hii alitazama chini kwanza. Chrono ilikuwa inaning'inia juu ya magoti yake.

“Ukuta wa ile ofisi ni wa karatasi,” akasema. “Kuko collègue upande huu na collègue upande ule. Nilinyamaza.”

“Na kitabu uliandika wakati gani?”

“Mwaka ulifuata.”

Maman Priscille akatikisa kichwa polepole. “Njo vile. Haukuandikia batoto ya shule. Uliandikia ule ukuta.”

Sijui mwingine angefanya nini. Mimi ningelia au ningeondoka. Maman Kahambu alicheka, kicheko kifupi cha mtu aliyeonyeshwa kosa kwenye hesabu ubaoni, kosa dogo na wazi ambalo darasa zima liliona kabla yake. Akavua koti. Tulikaa pale mpaka sahani za wali na maharage zikazunguka, na hakupima chochote.

Tukiwa tunarudi nilimuuliza, “Sasa itakuwaje?”

“Nilikosea,” alisema, kwa sauti ileile anayosemea kwamba mvua itanyesha. “Kesho nasahihisha.”

Kesho yake ilikuwa Jumatano, na Jumatano shule inafungwa saa sita mchana. Madame Cécile alikuwa ameita wajumbe wa madarasa kupanga Ijumaa. Wa darasa letu ni mimi na Arnaud. Arnaud alichaguliwa kwa kura nyingi kwa sababu aliahidi geti litafungwa saa mbili na nusu. Papa Bertin mwenyewe alimpigia makofi siku ile, akacheka, na kesho yake akamfungia nje. Tulikuwa tumekaa ofisini, picha ya Papa Bertin ikiwa mezani ndani ya bahasha, tayari kurudishwa, Maman Kahambu akabisha hodi na kuingia. Walizungumza Kifaransa, naandika kama nilivyosikia.

“Madame Kahambu! Afadhali umekuja,” directrice akasema. “Mjane amekataa. Nimefuata mwongozo wako neno kwa neno.”

“Najua. Neno moja ni baya.” Akaenda ukutani, akatoa pini, akashusha kijitabu chake mwenyewe, akafungua ukurasa wa nne mezani. “Una kalamu?”

Madame Cécile akampa. Maman Kahambu akapiga mstari juu ya maneno “bila kilio cha sauti”. Alipiga kwa rula.

“Huwezi tu kufuta!”

“Nimeandika mimi. Nani mwingine afute?”

“Madame, mimi nina wanafunzi mia sita. Nikiruhusu hili, kesho mzazi ataniuliza kwa nini yeye alikatazwa sala yake.”

“Sala ni dini. Umkataze padri, umkataze imamu, nitakuunga mkono mbele ya waziri. Lakini kulia si dini. Mjane huyu hataomba Mungu kitu chochote mlangoni pako. Ataongea na mume wake. Nionyeshe sheria inayosema chozi linasali kanisa gani.”

“Na watoto? Wataogopa.”

Maman Kahambu akatugeukia. “Mtaogopa?”

Arnaud akakohoa. “Madame, sisi tulikuwa tunamwogopa Monsieur Bertin kila asubuhi. Tumezoea.”

Madame Cécile alijaribu kutocheka, akashindwa kidogo. Lazima niseme, yeye si mtu mbaya. Aligeuza bahasha, akaitoa picha, akaiangalia. Papa Bertin alikuwa amevaa suti ya harusi ya mtu mwingine, mabega yakimpita.

“Na mzazi akilalamika?”

“Mpe namba yangu. Mimi silali mapema.”

“Itakuwa kimya kwanza,” directrice akasema. “Wengine wanakihitaji, madame. Mimi nakihitaji.”

“Kimya kwanza,” Maman Kahambu akakubali. “Mpaka mjane atakapokivunja. Mwambie wewe mwenyewe, si mimi. Na usimpigie simu. Nenda. Ukifika, usikae kwenye kiti.”

Madame Cécile alikwenda jioni ile ile. Mama yangu alikuwepo, akatusimulia: directrice amekaa kwenye godoro na sketi yake nyembamba, magoti kando, sahani mapajani, akisema alichotumwa kusema. Maman Priscille alimjibu neno moja: “Nitakuja.” Picha ikabaki shuleni.

Ijumaa ilikuwa baridi, ile baridi ya Februari inayoingia kwenye meno. Mia sita tulijaa uani na kwenye njia mpaka barabarani. Meza, picha, maua meupe. Maman Priscille alifika na shemeji zake na wanawake wa matanga, kama kumi na wawili, vitambaa kichwani, makoti juu ya vitenge. Maman Kahambu alisimama kando ya geti, chrono mkononi. Maana kazi ni kazi.

Madame Cécile alisema maneno machache. Kisha: “Dakika moja ya kimya.”

Nilisikia mlio mdogo wa chrono, klik.

Sijawahi kusikia shule yetu hivyo. Nilisikia kamba ya bendera ikigonga mlingoti. Nilisikia pumzi ya Arnaud. Nilianza kuelewa kwa nini directrice alisema anakihitaji; kilikuwa kizuri, kile kimya, kama maji. Na nilikuwa na hofu, kwa sababu Maman Priscille alikuwa amefumba mdomo na macho, na nikafikiri: ataogopa. Bazungu wote hawa, watoto wote hawa. Atanyamaza kama Maman Kahambu ofisini, na hatasamehe.

“Bertin eeee!”

Kunguru wakaruka juu ya paa. Sauti yenyewe haikuwa ya kuomba radhi.

“Bertin eeee! Uliniambia unafunga viatu! Bertin, nani anafungaka viatu mpaka Mbinguni? Uliahidi utapaka jiko rangi, rangi iko chini ya kitanda! Ulikoroma miaka makumi mbili na tatu, leo nitalala namna gani na ile kimya? Bertin, nani atanifungulia mulango?”

Wanawake wakaitika, wameweka mikono kichwani. Wanafunzi hawakujua waweke mikono wapi. Wengine walishika mifuko, wengine walinishika mimi. Nilikuwa nawanong'oneza waliokuwa karibu nami maneno kwa Kifaransa, mkoromo, rangi, jiko, na msichana mmoja akacheka na kulia kwa wakati mmoja.

Ndipo Arnaud akapiga kelele. Simdanganyi mtu, Arnaud, ambaye mbele ya wasichana hata haombi kalamu.

“Monsieur Bertin! Tramu haikuwa inachelewa! Nilikuwa nalala!”

Kisha mwingine, nyuma: “Ulichelewa kunifungulia siku ya mtihani wa Kiholanzi na nilishukuru!” Mwingine: “Ulinipa glavu zako!” Mvulana wa mwaka wa kwanza ambaye sijui jina lake: “Ulijua jina langu siku ya kwanza!” Walimwita kana kwamba yuko ng'ambo ya vyuma, wakimlaumu, wakimwambia yaliyofichwa. Maman Priscille alisikia Kifaransa hicho chote na kwa kila neno aliitika kwa kutikisa kichwa, machozi yakimiminika, kama mtu anayekabidhiwa vitu vya mume wake kimoja kimoja. Madame Cécile alilia pia, kwa leso, kwa adabu. Hakuna aliyesali. Nilichunguza.

Kisha nikasikia jina jingine. Mtu alikuwa anaita, “Kavugho! Mama Kavugho weee!” Nikageuka kutafuta nani amekosea marehemu. Alikuwa Maman Kahambu. Chrono ilikuwa inaning'inia, mikono yote miwili ilikuwa kichwani, na alikuwa anamlilia mama yake, miaka sita nyuma ya saa, mlangoni pa shule ya Evere. Wanawake hawakushangaa hata kidogo. Mama yangu alinieleza baadaye kwamba njo kazi ya kilio ya mwenzako: unaingia na wako. Mmoja wao alimkumbatia kiunoni ili asianguke, na Maman Priscille, mwenye msiba, ndiye aliyempa kitambaa.

Tuliingia darasani saa tatu kasorobo. Hakuna aliyeandikwa kuwa amechelewa.

Jumapili nilimkuta Maman Kahambu jikoni kwake akiandika. Daftari la miraba lilikuwa wazi. Kimya namba mia mbili na kumi na tatu. Mahali: geti la shule. Aliyekufa: Bertin. Sekunde: 22. Kilichovunja: mke wake. Pembeni alikuwa amechora safu ya tano, kwa rula, na juu yake ameandika “kilio”. Chini yake: dakika 19.

“Ulipimaje? Mikono yako ilikuwa kichwani.”

“Nilisoma ishirini na mbili, halafu nikasahau kuizimisha,” akasema. “Ikapima yenyewe.”

Mezani kulikuwa na ukurasa mpya wa nne, tayari kwenda kwa shule zote. Ulikuwa mfupi kuliko wa zamani. Waulizeni wafiwa kwanza. Kimya ni cha wanaokitaka. Anayelia kwa sauti aachwe alie, na wengine wajibu wakiweza.

Nilikuwa na swali moja limebaki. Polisi wa ghorofa ya tatu hamalizi maswali.

“Na hivi vimya mia mbili na kumi na viwili? Utavitupa?”

“Nitupe? Kazi ya miaka yote ile?” Alinitazama kama nimetukana familia. “Sasa njo nitabitumia. Zile sekunde bananyimaka bale bamekufa, nilikuwa natafuta zinaendaka wapi. Haziendi. Batu banarudi nazo nyumbani.”

Akavaa koti, akachukua sufuria ya sombe, pondu yake mwenyewe, iliyofungwa kwa kitambaa. Alikuwa anaenda kwa Maman Priscille. Tangu Ijumaa anaenda kila siku. Lifti ilikuwa bado imekufa. Nilimsikia akishuka ngazi mbele yangu, chrono ikigonga kifungo cha koti, akilalamika kwa sauti kubwa kwamba pondu ya juzi ilikuwa na chumvi nyingi na leo watu watakula ya kweli.